Kitabu kilisema mimi ni wa baridi

Tangu Desemba mnaniuliza swali moja kwenye inboksi: ni kitabu gani kilinifundisha mambo ya kuvaa? Nimelikwepa. Nikijibu nusu nitakuwa nimewadanganya, na nikijibu lote itabidi niseme jambo ambalo sijawahi kulisema hapa. Leo naandika badala ya kurekodi kwa sababu najijua, mbele ya simu nitatabasamu mahali ambapo sistahili kutabasamu.

Haya. Kitabu chenyewe kinaitwa Color Me Beautiful. Aliyekiandika ni Mmarekani, Carole Jackson, na kilitoka mwaka 1980, zamani kabla mimi sijazaliwa. Nilikipata Kisumu kwa mzee mmoja anayetandika vitabu kando ya barabara, kimebanwa kati ya marudio ya KCSE ya miaka iliyopita na Biblia zisizo na jalada. Alitaka mia mbili, nikampa mia na hamsini na ahadi ya kurudi. Sijarudi. Jalada la nyuma halikuwepo na kurasa za mwanzo zilinuka mafuta ya taa, lakini kurasa za rangi zilikuwa zote.

Wazo lake ni rahisi, na nadhani ndiyo maana kilienea sana. Kila mtu, anasema, ana rangi zinazompendeza kulingana na ngozi, nywele na macho yake. Halafu anawagawa watu katika majira manne ya kwao: machipuko, kiangazi, mapukutiko na baridi. Ukijua majira yako umejua nguo zako, lipstiki yako, hata hereni zako. Mimi nilikuwa na miaka kumi na tisa, nimemaliza shule, sina kazi, na hapa kuna mtu anasema kuna utaratibu. Nilikaa kitandani na kioo nikafuata maelezo yote. Mimi nikatoka wa baridi. Nikampima mama, wa baridi. Dani, wa baridi. Mdogo wangu, wa baridi. Yule jamaa wa boda anayetuletea maji, huyo sikumpima lakini nilimwangalia kwa jicho la kitabu, na yeye pia wa baridi.

Sikukosea kupima. Kitabu chenyewe kiliwaweka watu weusi karibu wote kwenye sanduku hilo moja. Wazungu walitenganishwa vizuri, mwenye nywele za asali huku, mwenye madoadoa ya uso kule. Sisi, bara zima pamoja na wajukuu wetu walioko ng'ambo, tukafungiwa kwenye friji moja.

Mtu wa baridi, Sondu. Jamani.

Kwa wasiopajua, Sondu ni soko lililokaa mpakani mwa Kisumu na Kericho, kwenye barabara ya kutoka Ahero kwenda Kisii. Ukivuka mto ukaendelea kidogo uko Homa Bay. Kwenye habari mtatusikia siku kuna ugomvi wa mpaka. Siku zingine zote, ambazo ndizo nyingi, ni mananasi, viazi vitamu, kuku, ng'ombe na nguo.

Mama anauza mitumba hapo tangu nikiwa darasa la pili. Na kuna kitu kuhusu meza yetu ambacho hakuna mwandishi wa fasheni angekiwaza: tuna hali mbili za hewa kwenye turubai moja. Wateja wanaoshuka kutoka upande wa Kericho, kwenye majani chai na ukungu, wanataka jaketi, sweta, makoti yenye manyoya ndani. Wanaopanda kutoka upande wa ziwa wanataka gauni la pamba, jepesi, lisilogandamana na mgongo. Kwa hiyo beli la makoti mazito, ambalo mtu wa Ahero angeliona ni hasara tupu, mama hulifungua bila wasiwasi. Baridi ya Kanada inaishia kwa mabega ya mtu wa Kericho.

Beli likikatwa, nguo za kwanza kuchaguliwa, zile kali, tunaziita kamera. Zinazobaki chini kabisa ni fagia. Kati ya kamera na fagia kuna elimu nzima ambayo mama hakuisomea popote. Anashika kitambaa na vidole viwili akiwa anaongea na mtu mwingine, na anajua kama kitarudi umbo baada ya kufuliwa. Anageuza nguo ndani nje kabla hajaangalia mbele. Na turubai letu ni la buluu, kama ya wengi pale sokoni. Kama hujawahi kuuza nguo huenda hujaona: jua likipita kwenye turubai la buluu, kila kitu chini yake kinabadilika. Nyeupe inakuwa ya kibuluu, njano inakuwa kama mtu mwenye malaria, ngozi ya mteja inakuwa kijivu. Sasa mteja akishika gauni akasita, mama humwambia, "Toka nalo nje, mama, uliangalie na jua."

Nimemwona akipoteza pesa kwa sentensi hiyo. Mteja anatoka, jua linamwonyesha doa kwapani, gauni linarudi mezani. Siku moja nikamuuliza kwa nini anajiharibia biashara. Akasema doa ataliona tu, afadhali alione akiwa hapa kuliko akishafika kwake. Akaendelea kukunja. Naomba mliweke hilo kando, nitalirudia.

Machi 2020 serikali ilisimamisha uingizaji wa mitumba kwa sababu ya korona, na ikaruhusu tena Agosti. Miezi hiyo meza yetu ilikuwa fagia tupu. Ndipo nikaanza zile video za kwanza, kwa simu ya mama, jinsi ya kuvaa fagia ionekane kamera. Wengi wenu mlinijua hapo. Kitabu nilikipata baadaye kidogo, na nikaanza kukitumia kimyakimya. Mlipoona nimeanza kusema maneno kama "rangi zilizokolea" na "epuka rangi ya udongo", haikuwa akili yangu. Ilikuwa ukurasa. Kitabu kilisema mtu wa baridi aache rangi za udongo na chungwa. Nikaacha. Fikirieni, msichana wa Nyakach anaacha rangi ya udongo kwa sababu mama mmoja Marekani amesema.

Baada ya hicho nilitafuta vingine. Vya kununua, vya kuazima, na vingi vya kusoma kwa simu. Vya mtindo binafsi, vya kabati lenye nguo thelathini, vya wanawake wa Paris ambao eti hawajitahidi. Sivikashifu vyote. Vingine vilinifundisha kupima bega la blauzi na kuheshimu kiatu kimoja kizuri kuliko vitano vya kubahatisha. Lakini karibu kila kimoja kilikuwa na sehemu ya jua: likizo, ufuo, kofia pana, gauni la kitani, kinywaji chenye mwavuli mdogo. Na jua la humo ndani lilikuwa geni kwangu. Ni jua linalokuja kama mgeni. Linatarajiwa, linaandaliwa, linakaa wiki mbili, linaondoka, watu wanabaki wakionyeshana lilipowagusa.

Hilo lina historia yake. Huko Ulaya zamani, mwanamke tajiri alijificha jua kwa mwavuli na glavu, maana ngozi iliyoungua ilikuwa ya kibarua wa shambani. Kazi zilipohamia viwandani na ofisini, kibarua ndiye akawa mweupe, na aliyeungua akawa ndiye mwenye nauli ya kwenda pwani. Kufikia miaka ya 1920 ngozi ya jua ilikuwa fasheni, na Coco Chanel ni mmoja wa wale walioipa jina. Mwaka 1946 Louis Réard akatoa bikini pale Paris, na kuanzia hapo ufuo ukawa jukwaa. Sisi huku ikweta inapita Maseno, juu kidogo tu ya Kisumu, kuna hata alama barabarani watu wanapiga picha nayo. Jua linapita utosini mara mbili kwa mwaka, Machi na Septemba, na hapo katikati haliendi mbali. Hapa jua si mgeni. Jua ni landilodi.

Mimi nilijua hivyo, nimezaliwa humo, na bado mwaka jana nikatangaza Wiki ya Jua.

Mnaikumbuka. Nilikwenda Dunga na gauni jeupe la kuazima na kofia ya majani. Nililala kwenye mkeka karibu na mashua nikijifanya napumzika. Kile ambacho hamkuona kwenye video ni kwamba kulikuwa na akina mama wanaanika omena mita chache kutoka kwangu, na mmoja wao alinitazama kwa huruma kwa muda mrefu, kisha akaja akaniuliza kama nimekosa mahali pa kukaa. Akageuza ndoo, akaniwekea kivulini. "Njoo huku, nyathina, utaumwa kichwa." Nilikaa kwenye ile ndoo. Kisha alipogeuka nikarudi juani nikamalizia kurekodi.

Siku ya tatu ya Wiki ya Jua ilikuwa tangazo. Muuzaji mmoja wa mtandaoni, simtaji, alinitafuta. Alikuwa na krimu ya "kung'arisha na kurudisha ngozi iliyopigwa na jua". Shilingi 8,000 kwa video moja. Sikuwahi kulipwa 8,000 kwa kitu chochote. Akatuma kopo moja, na maneno ya kusema, na akaniomba niongeze filta kidogo "ili mwanga uwe mzuri". Nikaongeza. Nikasema jua limenipiga wiki nzima na hii ndiyo imenirudisha. Nikapaka kidole kimoja shavuni.

Kilichokuwa kwenye kidole kilikuwa Vaseline. Kopo lao sikulifungua. Sikulifungua kwa sababu kwetu kila mtu anamjua mtu mmoja ambaye uso umekuwa rangi moja na vifundo vya vidole rangi nyingine, na mimi sikutaka kuwa huyo mtu. Yaani nilijua. Hilo ndilo jambo ambalo sijawahi kulisema hapa.

Video ilitazamwa kuliko zote nilizowahi kutoa. Krimu ilikuwa 350, kwa M-Pesa, inaletwa na matatu.

Mdogo wangu yuko kidato cha tatu. Ana rangi ya dani, nyeusi ya kung'aa, na tangu akiwa mdogo wageni wakija nyumbani humsifu kila mmoja wetu kwa jambo lake, na yeye husifiwa kwa kuwa na bidii. Nadhani mmenielewa. Likizo ya Aprili alisuka watu nywele, akapata pesa zake, hakusema anazifanyia nini. Sikujua. Mimi nilikuwa na safari zangu za Kisumu na maoni yenu ya kujibu.

Nilichogundua kwanza ni kwamba hatoki nje ya turubai. Mama akimwambia ampeleke mteja na gauni kwenye jua, anamtuma mtoto wa meza ya pili. Akienda msalani anajifunika leso mpaka pua. Mama akadhani ni mambo ya ujana. Siku moja nikamvuta mkono ile ya mzaha, twende nje tukapige picha, akapiga kelele. Kelele halisi, watu waligeuka. Nje nikamwona. Mashavu yalikuwa mekundu kwa chini na yanabanduka kwa juu, na pembeni mwa macho pameanza kuwa peusi kuliko alivyozaliwa. Chini ya buluu sikuwa nimeona kitu.

Nikauliza ni nini. Akanijibu kwa sauti ya chini kabisa, "Si wewe ulisema."

Tulimpeleka zahanati. Daktari aliligeuza lile kopo mara mbili akitafuta orodha ya vilivyomo. Hakukuwa na orodha, kulikuwa na picha ya ndimu na maneno "viungo vya asili". Akasema bila maabara hawezi kuapa ni nini, lakini anaziona nyuso za namna hii kila wiki. Kenya ilipiga marufuku vipodozi vyenye zebaki na haidrokwinoni tangu 1998, na bado zinapita. Haidrokwinoni huivua ngozi kinga yake, jua likija linachoma zaidi ya mwanzo, na ukiitumia muda mrefu inaweza kukuacha na weusi wa madoa usiotoka. Zebaki haiishii usoni, inaingia mwilini na kuharibu figo. Mama alikuwa ameshika begi lake mapajani, anasikiliza. Alikuwa ameiona video yangu. Aliisambaza kwenye grupu la chama, alijivunia.

Hakunigombeza, na ningependa angenigombeza. Jioni alisema tu, "Ulimwonyesha chini ya turubai."

Baada ya hapo nilisoma kwa hasira. Nikataka kitabu kilichoandikwa na mtu wa jua letu, kama kipo. Nikakuta kwamba hata Marekani kuna aliyekataa lile friji: Jean Patton, mwaka 1991, aliandika Color to Color, mwongozo wa rangi kwa mwanamke mweusi, kwa sababu aliona wazi kwamba watu weusi si rangi moja. Miaka kumi na moja baada ya kile cha kwanza. Kwa yule mzee wa Kisumu hakikuwepo, niliuliza kwa simu ya jirani yake.

Lakini kitabu bora cha mitindo nilichokipata kilikuwa kwenye kabati letu, cha mjomba wangu wa shule, na sikujua ni cha mitindo. Song of Lawino, cha Okot p'Bitek, 1966. Tuliambiwa shuleni ni ushairi kuhusu utamaduni, tukakariri dhamira. Kisomeni tena kama mtu anayeuza nguo. Karibu kila kitu ni mtindo: nywele zinasukwaje, shanga zinakaa wapi, mafuta gani yanapakwa, mtu anavaa nini akienda kucheza ngoma, viatu vinamfanya nini mwenye navyo. Lawino anaachwa na mumewe Ocol kwa ajili ya Clementine, mwanamke wa poda na lipstiki, na anamchambua Clementine kuanzia nywele kushuka chini. Anaona hata pale uso umekuwa rangi moja na shingo imebaki rangi yake. 1966! Nilipofika hapo nilifunga kitabu nikatoka nje.

Na Okot si mtu wa mbali. Alikuwa Mwacholi wa Uganda, Kiacholi na Dholuo ni ndugu. Nilipomtajia dani jina la asili, Wer pa Lawino, hakuhitaji kutafsiriwa, wer kwetu pia ni wimbo. Alifanya kazi Kisumu hapa hapa, na mwaka 1968 akaandaa tamasha la sanaa Kisumu. Miaka yote nikisafiri kwenda kutafuta vitabu vya Paris kando ya barabara, nilikuwa natembea mji ambao aliutembea.

Nikampa mdogo wangu asome. Nilitaka, nakiri, kitabu kimtibu haraka ili nami nipone. Alisoma siku tatu chini ya turubai, akanirudishia. Nikauliza ameonaje. Akasema, "Ni kizuri. Lakini anamcheka Tina. Hamtafuti aliyemuuzia."

Nilikosa jibu. Nimelifikiria hilo sana kuliko chochote nilichosoma mwaka huu. Ni kweli, Lawino ana uchungu wake na ana haki nao, lakini ulimi wake wote unaishia kwa mwanamke mwenzake. Poda ilitoka wapi, nani aliipanga dukani, nani alisema ndiyo uzuri, nani alilipwa kwa kusema, hayo hayamshughulishi sana. Na vile vitabu vingine vya mtindo ni hivyo hivyo kwa upole zaidi: vinakurekebisha wewe unayevaa. Yule anayesema "vaa hiki" haguswi. Hata jina lake limewekwa kwa jalada kwa herufi kubwa kama wema.

Dani naye alikuwa na yake. Aliposikia tunazozana alitukumbusha neno jonanga, watu wa nguo. Ndivyo Wajaluo walivyowaita wale wa kwanza kuvaa vitambaa, walipoanza kuiga watu wa misheni na wa pwani. Reli ilifika Kisumu 1901, maduka yakafuata, na vitambaa vikawa vingi. Rafiki yangu anayesoma Maseno alinitumia sura moja ya mwanahistoria Margaret Jean Hay kuhusu mavazi magharibi mwa Kenya wakati wa ukoloni, iko kwenye Fashioning Africa, kitabu kilichotoka 2004. Mvutano tunaouona leo kwenye simu ulikuwepo: wazee na vijana, nani anajiona nani, shati limenunuliwa kwa pesa gani. Dani anasema bibi yake alicheka jonanga mpaka siku alipopewa kitambaa, kisha hakukivua. Alisema hivyo akiwa amevaa koti la mitumba la Kericho, saa saba mchana, kwa sababu analipenda. Basi sitasimama hapa kuwaambia eti tuvae kama mababu. Dani mwenyewe angenicheka.

Kuna kitabu kimoja kilichomgusa mdogo wangu, na ni cha watoto. Sulwe, cha Lupita Nyong'o, kilichotoka 2019. Binamu yetu mdogo anacho. Sulwe ni nyota kwa Dholuo, na msichana wa kitabuni ana rangi ya usiku wa manane, amezaliwa nyumba ya watu weupe kidogo kuliko yeye, na anajaribu kujifuta. Lupita alishasema hadharani mwaka 2014 kwamba yeye mwenyewe utotoni aliomba Mungu aamke akiwa mweupe. Mdogo wangu alikisoma akijifanya anamsomea mtoto. Mtoto alilala, yeye akaendelea. Sikusema kitu, nikapita na ndoo yangu.

Sasa nije kwenu. Video niliifuta Mei, na nilifanya kosa la kuifuta bila kusema kwa nini, nikitumaini hamtaona. Mlioihifadhi bado mnaisambaza, nimeiona wiki iliyopita kwenye grupu moja la Katito. Tafadhali ikiwafikia, isindikizeni na maandishi haya. Yule muuzaji alinitishia kudai pesa zake, nikamwambia adai, akanyamaza. 8,000 yenyewe nilishaitumia: nusu ni stendi ya simu ambayo mmeisifia, nusu ilikuwa karo ya mdogo wangu. Ndiyo, yeye.

Kama ulinunua krimu hiyo kwa sababu yangu, acha kuitumia, nenda na kopo ukaonwe, usione haya. Halafu niandikie, nitakurudishia 350 yako. Sina pesa zote kwa pamoja. Nalipa kila siku ya soko baada ya mama kupata hesabu yake, wawili au watatu kwa mara. Mpaka leo wameandika kumi na wanne. Wawili walinitukana kwanza, wakatuma namba baadaye, na wote wawili nimewalipa. Mmoja, mama wa Kericho, alikuja mwenyewe mezani, akanitazama sana, akakataa pesa, akachukua koti.

Mdogo wangu anaendelea vizuri, pole pole. Weusi wa pembeni mwa macho bado upo. Ana kofia pana, ile ile ya majani ya Dunga, nayo haikuwahi kufaa kitu mpaka sasa. Juzi mteja alishika gauni la rangi ya udongo, akasita, na kabla mama hajafungua mdomo mdogo wangu akalichukua akatoka naye nje. Walikaa huko muda, wanaligeuza, wanaangalia mishono. Mteja hakununua.

Wa kwanza kulipwa alikuwa yeye. Nilimpa noti tatu na sarafu. Alihesabu mara mbili.